Stesheni ya Pugu, na Reli Iliyokuwa Kwetu Kusini

Watoto wengi wa Likawage hawajaiona reli. Wala si watoto tu. Wapo watu wazima, wenye wajukuu, wanaoijua treni kwa picha na kwa kuisikia redioni. Hilo si ajabu. Ukitoka hapa kijijini unasafiri kwa barabara ya vumbi mpaka uipate lami. Ukiipata lami unapita Nangurukuru, unapita Somanga, unauvuka mto Rufiji juu ya daraja la Mkapa, unaendelea mpaka Mbagala. Njia yote hiyo hukutani na reli hata moja.

Mwezi huu nataka twende pamoja mpaka kwenye stesheni moja. Inaitwa Pugu. Iko nje kidogo ya Dar es Salaam, kilomita zipatazo 20 kutoka katikati ya mji, pale ambapo tambarare ya pwani inakwisha na vilima vinaanza. Nimeichagua Pugu kwa sababu watu wetu wengi wana ndugu kule Gongo la Mboto, Chanika na Mbagala, na siku moja utatumwa huko, kwa harusi, kwa msiba au kumpeleka mgonjwa. Afadhali ufike ukiwa unajua.

Tena nina sababu nyingine. Stesheni ya Pugu imeishi zaidi ya miaka 100. Sisi watu wa kusini tuliwahi kuwa na reli yetu, nayo iliishi miaka 13 tu. Nitaeleza habari za Pugu kwanza, kisha nitarudi kwetu.

RELI YA KWANZA

Reli ni vyuma viwili virefu vilivyolazwa sambamba. Chini yake kuna mataruma, yaani magogo au vipande vya chuma au zege vinavyovishika vyuma hivyo visiachane. Chini ya mataruma kuna kokoto. Treni haina usukani. Inafuata vyuma vyake tu, kwa hiyo haiwezi kukukwepa ukisimama mbele yake.

Reli ya zamani inayopita Pugu ina upana wa mita 1. Ukitaka kuuona upana huo, nenda katika shamba la ufuta lililopandwa kwa mistari, nafasi ya sentimita 50 kati ya mstari na mstari. Simama kwenye mstari wa kwanza, uutazame mstari wa tatu. Hapo ni mita 1. Juu ya upana huo mdogo mizigo ya nchi hii imepita tangu wakati wa Wajerumani.

Wajerumani walianza kuijenga reli hiyo Dar es Salaam mwezi wa Februari mwaka 1905. Mwaka huo sisi wa Kilwa tunaujua kwa jambo jingine. Mwezi wa Julai mwaka huohuo, kule Nandete katika milima ya Umatumbi, wananchi waliing'oa pamba waliyolazimishwa kuilima, na vita vya Majimaji vikaanza. Kwa hiyo wakati babu zetu wanaing'oa pamba, upande wa kaskazini watu wengine walikuwa wakichimba ardhi na kulaza vyuma. Mambo hayo mawili yalitoka mkono mmoja. Mjerumani alitaka mazao, na alitaka njia ya kuyafikisha bandarini. Waliobeba kokoto na mataruma walikuwa Waafrika, kwa maelfu.

Reli ilifika Morogoro mwaka 1907. Ilifika Tabora mwaka 1912, na Kigoma mwezi wa Februari mwaka 1914. Urefu wake kutoka Dar es Salaam mpaka Kigoma ni kilomita 1,252. Pugu ni miongoni mwa stesheni za mwanzo kabisa ukitoka baharini.

Na huku kwetu, wakati huohuo, mzigo ulikwendaje? Ulikwenda kichwani. Kuanzia mwaka 1909 mpaka 1913 wataalamu wa Kijerumani walichimba mifupa ya wanyama wakubwa wa kale pale Tendaguru, nyuma ya Lindi. Mifupa ile imegeuka mawe, na mmoja tu unaweza kuwashinda watu wawili. Wapagazi waliibeba mpaka bandari ya Lindi, mwendo wa siku 4, safari baada ya safari kwa miaka ile yote. Leo mnyama mmoja wa Tendaguru amesimamishwa Berlin, Ujerumani, katika jumba la makumbusho, naye ni mrefu kuliko nyumba ya ghorofa mbili. Alifika baharini juu ya shingo za watu wa Lindi.

PUGU ILIPATA NINI

Stesheni ni mahali treni inaposimama ili watu wapande na kushuka, na mizigo ipakiwe na kushushwa. Hiyo ndiyo kazi yake. Lakini mahali treni inaposimama kila siku, mengine huja yenyewe. Mama ntilie huja na sufuria zake. Fundi viatu huja. Mwenye kibanda cha sukari na sabuni huja. Baadaye huja nyumba za kupanga, shule, zahanati. Pugu ilikua hivyo, na siku hizi ipo kata nzima ya Dar es Salaam inayoitwa Pugu Stesheni. Watu waliifuata stesheni, na kata ikachukua jina lake.

Vilima vya Pugu vina msitu wa hifadhi, na vina udongo mweupe unaochimbwa kwa kazi za viwandani. Ipo pia shule ya sekondari ya zamani. Hapo ndipo Mwalimu Julius Nyerere alipokuwa akifundisha wakati TANU inaanzishwa tarehe 7 Julai 1954. Mchana alikuwa darasani, na kazi ya chama ilikuwa mjini, kilomita 20 kutoka hapo. Inasimuliwa kwamba mara nyingi alikwenda kwa miguu. Mwezi wa Machi mwaka 1955 aliacha kufundisha ili afanye kazi ya TANU peke yake.

Mimi ni bwana shamba, kwa hiyo kilichonivutia zaidi Pugu ni mnada wa ng'ombe. Ng'ombe wanaoliwa Dar es Salaam hutoka mbali, Shinyanga, Tabora, Singida, Dodoma. Wengi huletwa mnada wa Pugu, na hapo ndipo wachinjaji na wenye mabucha huwanunua. Zamani ng'ombe wengi walikuja kwa mabehewa ya reli. Baadaye malori yakachukua sehemu kubwa ya kazi hiyo. Mfugaji anajua sababu. Ng'ombe akikaa njiani siku nyingi anapungua uzito, na kilo anazopoteza njiani hakuna anayemlipa. Treni ikichelewa, mwenye mali anahama. Reli yetu ya zamani ilipoteza wateja wengi kwa njia hiyo, na isingekuwa haki kuwalaumu wateja.

TRENI YA KWENDA KAZINI NA KURUDI

Kwa miaka mingi treni zilizopita Pugu zilikuwa za safari ndefu. Mtu alipanda Dar es Salaam, akalala njiani, akashuka Tabora au Kigoma. Mwenyeji wa Pugu anayefanya kazi mjini hazikumfaa. Yeye alihitaji kwenda asubuhi na kurudi jioni, kila siku ya kazi. Alipanda daladala, akakaa kwenye foleni ya magari saa nyingi.

Tarehe 29 Oktoba 2012 treni ya mjini ilianza Dar es Salaam. Njia zilikuwa mbili. Moja ilitumia reli ya kati, kutoka stesheni kuu mpaka Ubungo Maziwa. Ya pili ilitumia reli ya TAZARA mpaka Mwakanga. Wananchi waliiita treni ya Mwakyembe, kwa jina la Waziri wa Uchukuzi wa wakati ule, Dakta Harrison Mwakyembe. Mwaka 2016 ikaongezwa njia ya kutoka stesheni kuu mpaka Pugu, kupitia Gongo la Mboto.

Treni ya namna hii inatofautiana na treni ya safari ndefu. Haina mahali pa kulala, maana hakuna anayelala. Inasimama mara nyingi, kila mahali kwa dakika chache. Inafanya kazi hasa asubuhi na jioni, wakati watu wanakwenda na kurudi. Ukitaka kujua kama stesheni ina kazi ya namna hii, kaa pale alfajiri uwatazame watu. Msafiri wa mbali anakuja na sanduku, na jamaa watatu wanamsindikiza. Mtu wa kila siku anakuja peke yake, anatembea haraka, ana mfuko mdogo wa chakula, na hamuagi mtu yeyote.

Faida yake ni rahisi kuiona. Behewa moja huchukua watu wengi kuliko basi, na kichwa kimoja cha treni huvuta mabehewa mengi. Tena treni ina njia yake peke yake. Haikai nyuma ya lori lililoharibika.

RELI MPYA

Tarehe 12 Aprili 2017 Pugu ilipata wageni wengi. Siku hiyo Rais John Magufuli aliweka pale jiwe la msingi la reli mpya kutoka Dar es Salaam mpaka Morogoro. Wajenzi walikuwa kampuni ya Yapi Merkezi ya Uturuki pamoja na Mota-Engil ya Ureno. Reli hiyo ina upana wa mita 1, sentimita 43 na nusu. Treni yake inaendeshwa kwa umeme. Wazee bado wanaiita gari moshi, lakini moshi haina.

Treni ya umeme ilianza kubeba abiria wa kulipa nauli tarehe 14 Juni 2024, kutoka Dar es Salaam mpaka Morogoro. Mwezi wa Julai mwaka huohuo ikafika Dodoma. Rais Samia Suluhu Hassan aliizindua rasmi tarehe 1 Agosti 2024. Ukitoka Dar es Salaam stesheni ya kwanza ni Pugu, kisha Soga, Ruvu, Ngerengere na Morogoro.

Inaweza kwenda kilomita 160 kwa saa. Kwa mwendo huo, katika sekunde moja inapita zaidi ya mita 40. Ukitamka neno "Likawage" polepole, imekwisha kupita karibu nusu ya uwanja wa mpira.

Mwaka 2024 LATRA, mamlaka ya serikali inayosimamia nauli za nchi kavu, ilitangaza nauli za treni ya kawaida. Kutoka Dar es Salaam mpaka Pugu ilikuwa shilingi 1,000. Mpaka Soga ilikuwa shilingi 4,000, mpaka Ruvu shilingi 5,000, na mpaka Morogoro shilingi 13,000. Nauli hubadilika, kwa hiyo uliza kabla hujatoa fedha. Lakini uliza dirishani au kwa mfanyakazi mwenye sare. Usimuulize kijana anayezungukazunguka nje akikuambia anazo tiketi. Tiketi za halali hazizungukizungukii.

UKIFIKA STESHENI

Sasa tuseme umeshuka Mbagala kutoka Kilwa na unataka kwenda Pugu. Daladala za Gongo la Mboto zipo Mbagala. Ukifika Gongo la Mboto utauliza gari la Pugu Stesheni. Pugu ni kubwa, ina Pugu hii na Pugu ile, ndiyo maana useme "Stesheni". Ukikosa kulisema neno hilo unaweza kushushwa mnadani, katikati ya ng'ombe.

Hapo kuna stesheni mbili, ya reli ya zamani na ya reli mpya. Usikimbilie tu jengo la kwanza unaloliona. Soma kibao. Ninyi mliohitimu darasa la kusoma mnaweza kusoma kibao, na hapo ndipo elimu ile inapokulipa.

Kwa treni ya umeme chukua kitambulisho chako, maana tiketi hukatwa kwa jina la msafiri. Ukiwa nacho cha taifa, hicho kinatosha. Kiweke mahali pakavu. Nimewaona watu wetu wakifungua pindo la kanga dirishani, kitambulisho kimelowa jasho na maandishi hayasomeki, na nyuma yao kuna watu 20 wanaosubiri.

Ukipewa tiketi, usiitie mfukoni mara moja. Simama pembeni uisome. Angalia jina lako. Angalia unatoka wapi na unakwenda wapi. Angalia tarehe. Angalia namba ya behewa na namba ya kiti, kwa sababu hukai popote unapopenda. Kisha angalia saa.

Saa ndiyo inayowapoteza wengi. Tiketi na vibao huandika saa kwa hesabu nyingine, ya kuanzia usiku wa manane. Sisi tunahesabu kuanzia alfajiri. Ukiona 09:30, toa 6, inabaki 3 na nusu, yaani saa tatu u nusu asubuhi. Ukiona 16:00, toa 6, inabaki 10, yaani saa kumi jioni. Kuanzia 19:00 toa 18. Kwa hiyo 20:00 ni saa mbili usiku. Na ukiona 06:00, hiyo ni saa kumi na mbili asubuhi, siyo saa sita. Mtu akisoma 06:00 kama saa sita mchana atafika Pugu akakuta treni yake imekwisha fika Morogoro na kurudi.

Fanya hesabu hizi nyumbani na mwanao anayesoma shule. Andikeni saa kumi tofauti kwenye mchanga. Kwa nusu saa mtakuwa mmezijua.

Treni haikungoji. Dereva wa basi letu la Kilwa anaweza kumngoja mama anayekuja mbio na kapu. Treni ikifika saa yake inafunga milango. Uwe stesheni mapema, maana mizigo hukaguliwa mlangoni. Mafuta ya taa, petroli, gesi na mkaa visije. Treni ya abiria siyo mahali pa kuku wala mbuzi. Ukitaka kumpelekea shangazi zawadi ya kutoka Likawage, mpelekee ufuta au korosho zilizofungwa vizuri, siyo jogoo.

Tena siyo kila treni husimama Pugu. Treni ya haraka hupita bila kusimama. Ukikata tiketi sema wazi kwamba unashuka Pugu, na ukiisha kukaa kwenye kiti sikiliza majina ya stesheni yanapotangazwa.

Jambo la mwisho kuhusu stesheni ni la hatari. Nyaya zilizo juu ya reli mpya zina umeme wa volti 25,000. Umeme wa nyumbani ni volti 230, na huo tu unaua. Usipande juu ya kitu chochote karibu na nyaya hizo, wala usinyooshe mti mrefu. Reli mpya imezungushiwa uzio, na watu huvuka kwa madaraja na vivuko vilivyo chini yake. Reli ya zamani haina uzio sehemu nyingi. Hapo simama, tazama kulia, tazama kushoto, sikiliza. Treni nzito ikifungwa breki haisimami palepale, huendelea mamia ya mita. Dereva akikuona tayari amechelewa.

RELI YETU YA NACHINGWEA

Sasa nirudi kwetu, kama nilivyoahidi.

Baada ya vita vya pili vya dunia watu wa Uingereza walikuwa na njaa ya mafuta ya kula. Serikali yao ikaamua kulima karanga Tanganyika. Mashamba yalipangwa katika sehemu tatu: Kongwa, Urambo na Nachingwea. Walitaka kulima eka zaidi ya milioni 3. Kazi ilianza mwaka 1947. Matrekta yalikuja kwa mamia, na mengi yalikuwa mabovu tangu siku yaliposhushwa. Udongo wa Kongwa ulipokauka uligeuka kama saruji, karanga hazikung'oka. Mvua ziliwadanganya. Mimi nimesomea kilimo, na kila nikisoma habari za mradi ule najiuliza swali moja: kwa nini hawakukaa kwanza na mkulima wa pale, wakamwuliza mvua hunyesha lini na udongo una tabia gani? Wagogo wa Kongwa wangewaambia bila malipo. Badala yake zilitumika pauni zipatazo milioni 36, na mwezi wa Januari mwaka 1951 serikali ya Uingereza ikatangaza kwamba mradi umeshindwa.

Lakini kabla ya hapo reli ya kusini ilikuwa imekwisha kulazwa. Karanga za Nachingwea zilihitaji njia ya kufika baharini. Reli ilianza Mkwaya, kwenye mlango wa mto Lukuledi karibu na Lindi, ikafika Nachingwea mwaka 1949. Kisha ikaunganishwa na Mtwara, ambako bandari yenye kina kirefu ilifunguliwa mwaka 1954. Tawi jingine likaenda Masasi, likamalizika mwaka 1958. Kwa hiyo watu wa kusini walikuwa na stesheni, na tiketi, na saa za treni, kama watu wa Pugu. Wazee wa Nachingwea na Masasi waliokuwa watoto wakati ule wanaukumbuka mlio wake.

Mwaka 1962 reli hiyo ilifungwa. Vyuma viling'olewa.

Sababu unaweza kuielewa vizuri ukifikiria mashine ya kusaga ya kijijini. Mashine ikija kijijini, mwenye mashine anamlipa mwendeshaji, ananunua mafuta, anabadilisha mikanda. Wakileta mahindi watu 100 kwa siku, inalipa. Wakileta watu 3, mwendeshaji anataka mshahara uleule, na mashine inakaa bure. Mwaka haupiti, mwenye mashine anaipakia kwenye lori anaipeleka kijiji kingine. Reli ni hivyohivyo, ila gharama yake ni kubwa mara nyingi. Kokoto, mataruma, madaraja na wafanyakazi vinataka fedha kila mwezi, treni ikiwa imejaa au ikiwa tupu. Reli ya kusini ilijengwa kwa ajili ya zao moja, na zao hilo halikuja. Mizigo ya wakulima wengine ilikuwa midogo mno, na kila mwaka reli ilikula hasara.

Pugu ilipona kwa nini? Siyo kwa sababu watu wa Pugu ni hodari kuliko sisi. Reli yao ilikwenda mbali, ikagusa mikoa mingi, na mizigo ilikuwa ya kila namna: pamba, ng'ombe, chumvi, mafuta, watu. Kimoja kikipungua kingine kilibaki. Hata miaka ile mibaya ambayo treni zilikuwa chache na mbovu, palikuwa na kitu cha kuchukua.

Kwa miaka mingi serikali imekuwa na mpango wa reli mpya ya kusini, kutoka Mtwara mpaka Mbamba Bay kwenye ziwa Nyasa, yenye matawi ya kwenda kwenye makaa ya mawe ya Mchuchuma na chuma cha Liganga. Ikijengwa, haitapita Likawage. Hilo tuliseme wazi, maana nimewasikia vijana kwenye kahawa wakigawana viwanja vya stesheni ambayo haimo katika mpango wowote.

Sisi usafiri wetu utaendelea kuwa barabara, na lori linafuata sheria ileile ya treni. Nimekaa na wenye malori na najua wanavyofikiri. Hawaulizi kama Likawage ni kijiji kizuri. Wanauliza tani ngapi, ziko mahali pamoja au zimetawanyika, na zitakuwa tayari siku gani. Ufuta wa kaya moja, magunia mawili ndani na moja kwa jirani, haumtoi mtu Nangurukuru wakati wa matope. Ufuta wa kijiji kizima ukiwa ghalani mwa chama cha msingi, umekauka, umepepetwa, umepimwa, unamtoa.

Msimu huu ukipeleka ufuta wako ghalani, simama karibu na karani anapoandika. Soma kilo zako katika stakabadhi kabla hujaondoka, kama utakavyoisoma tiketi ya treni. Kisha mwombe akuonyeshe jumla ya kijiji chote mpaka siku hiyo. Ukiipata, iandike kwenye daftari lako, na wiki inayofuata kaiulize tena. Mwenye lori naye atapiga simu kuiuliza kabla hajawasha gari.